Mume anataka mtoto aitwe Yakubu, dada yangu anasema maana yake ni tapeli

Anti habari yako na pole na majukumu.

Mimi ni mama kijacho, mimba ya kwanza, imeshaingia mwezi wa nane na daktari alishatuambia ni wa kiume. Shida yangu najua wengine wataiona ndogo ila mwenzenu silali, nimebaki kugeuka tu kitandani na hili tumbo.

Mume wangu toka siku tuliyojua ni wa kiume akasema mtoto ataitwa Yakubu, jina la marehemu baba yake. Hakuuliza, alitangaza. Mi mwanzoni wala sikuona tatizo, mzee nilimkuta yu hai, mpole, mtu wa watu, alinichukulia kama binti yake wa kumzaa. Halafu kwao ni Waislamu na kwetu ni Wakristo, kwahiyo nikasema afadhali limepatikana jina ambalo liko kwenye vitabu vyote viwili, hapa ugomvi hakuna. Kumbe najidanganya.

Dada yangu mkubwa aliposikia akanitumia skrinshoti, kapekua kwenye simu yake huko, imeandikwa Yakobo maana yake "mdanganyifu, anayepora nafasi ya mwenzake". Chini kaandika "hili ndo unataka kumpa mwanao?" na haikutosha, akaitupia na kwenye grupu la familia. Mama naye akaanza, jina huumba, angalia Yakobo alivyomfanyia kaka yake, mpaka Mungu mwenyewe ikabidi ambadilishe jina, sasa nyie mnalirudisha la zamani la nini. Shangazi zangu wanaweka vile vialama vya kulia.

Nikasema ngoja nitafute mwenyewe, ndo nikachanganyikiwa kabisa. Sehemu moja wanasema ni "anayeshika kisigino", nyingine "Mungu alinde", nyingine "atakayekuja baada ya mwingine", na kuna moja Anti naapa wameandika ni ndege dume! Jina moja linabebaje maana zote hizo? Nikamwonyesha mume, akawaka, "jina la mzee halina mjadala, kwahiyo unasema baba yangu alikuwa tapeli?" Mi sijasema hivyo hata kidogo. Toka hapo tunaongea yale ya lazima tu, umekula, umeshafunga mlango, basi.

Na hata namna ya kuandika ni vita nyingine. Yeye anataka Yakubu, mama anasema kama lazima basi iwe Yakobo, mimi moyoni nimependa Jacob, na rafiki yangu wa kazini ananiambia weka James ni jina lilelile, nikamwona huyu naye ananichezea akili.

Naomba unisaidie, maana yake ya kweli ni ipi, kuna ubaya wowote nikimpa mwanangu, na hawa watu niwafanyeje?

Mama Kijacho

---

Mama Kijacho mwanangu, mtoto hata hajazaliwa ameshafunguliwa kesi ya utapeli, poleni sana. Ngoja tuanze na jina lenyewe kwanza, hao watu tutawafikia.

Zile maana zote ulizokutana nazo zina pa kutokea, hata huyo ndege. Ila hazina uzito sawa, na ile aliyoishika dadako ndio nyepesi kuliko zote kama maana ya jina.

Kwa Kiebrania jina ni Yaakov, kwa Kiarabu Yaaqub, na lugha hizi ni ndugu, maneno yake hujengwa juu ya konsonanti tatu. Hapa ni ayn, qaf na ba. Kwenye Kiebrania mzizi huo unatoa neno la kisigino, kwenye Kiarabu pia unatoa kisigino na kitu kinachofuata nyuma, yaani mwisho wa jambo, matokeo. Mumeo na ndugu zake wanausikia kila mara kwenye hotuba, "walaqibatu lilmuttaqin", kwamba mwisho mwema ni wa wachamungu, hiyo aqiba ndio mzizi huohuo. Na sisi tulivyolipokea neno tukapata akiba, kile unachokibakiza kwa ajili ya baadaye.

Sasa kisigino. Mwanzo sura ya 25, Rebeka kajifungua mapacha, Esau katoka wa kwanza, mwekundu, mwili mzima manyoya, na wa pili akatoka mkono wake umemshika kaka yake kisigino, akaitwa Yakobo. Basi, hiyo ndio sababu ya jina kwenye Biblia. Mtoto mchanga kashika mguu. Hakuna aliyemwita tapeli pale.

Utapeli unaingia sura ya 27, na uangalie nani anausema. Ni Esau, amerudi kutoka kuwinda anakuta baraka yake imeshachukuliwa, analia, ana hasira, anauliza si ndio maana akaitwa Yakobo, mara mbili sasa ananizunguka. Anacheza na jina la mdogo wake, kwasababu kwa Kiebrania kitenzi cha kumzunguka mtu na kumpiku kinafanana na neno la kisigino. Manabii nao wakaja kuuchezea mzaha huohuo, Hosea sura ya 12, Yeremia sura ya 9 mstari wa 4 pale anapolalamika kwamba kila ndugu anamzunguka nduguye. Kwahiyo ile "mdanganyifu" ya kwenye simu ya dadako ni maneno ya mtu aliyeumizwa, akiwa na kila haki ya kuumia, yaliyochukuliwa yakawekwa kama tafsiri. Mtu mwenye hasira ndio umwachie akuandikie maana ya jina la mwanao?

Na tukiwa hapohapo, wazo la kumvalisha ngozi za mbuzi akamlaghai Isaka halikuwa hata la Yakobo. Lilikuwa la mama yake, yeye alisitasita, akasema baba akinipapasa atanijua na nitapata laana badala ya baraka, Rebeka akamwambia laana yako na iwe juu yangu mwanangu. Na Rebeka mbona watu wanawapa mabinti zao kila siku na grupu linakaa kimya.

Niende kwenye ile ya "Mungu alinde", maana hii ndio mimi naisimamia na ndiyo ambayo wataalamu wengi wa lugha hizo za kale wanaiegemea. Majina mengi ya zamani ya Kisemiti, yaani ya hizo lugha ndugu kama Kiebrania na Kiarabu, yalikuwa sentensi fupi, dua ya mzazi. Ile "ya" au "yi" ya mwanzoni inafanya kazi kama "a" yetu tunaposema alinde, aongeze. Yusufu ni "aongeze", Raheli alisema mwenyewe alipomzaa, Mungu aniongezee mwana mwingine. Ismaili ni "Mungu husikia", na hilo El la mwisho ndio Mungu, limebaki mpaka leo. Mara nyingi hilo El lilikatwa kwa matumizi ya kila siku, jina likabaki fupi, ndivyo inavyoaminika kwa Yakubu, kwamba refu lake lilikuwa Yaaqub-El.

Na hilo refu halikuotwa na mtu. Lipo kwenye vibao vya udongo vya karne ya 18 K.K. vilivyochimbwa Chagar Bazar huko Syria, Yahqub-El, jina la mtu wa kawaida tu wa Kiamori, watu wa kale wa huko Syria. Kwenye orodha ya miji ambayo farao Thutmose III aliichonga kwenye ukuta wa hekalu la Karnak, karne ya 15 K.K., kuna mahali Kanaani panasomwa kwa jina lenye sura hiyohiyo. Na kulikuwa na mfalme wa zama za Hyksos, wale waliotawala kaskazini mwa Misri, mihuri yake midogo ya umbo la mdudu imeokotwa Misri, Nubia mpaka Kanaani, anaitwa Yaqub-Har. Hebu fikiria mfalme ajichongee muhuri unaosema mimi tapeli.

Kulinda inatoka wapi? Kwenye Kigeez, lugha ya kale ya Ethiopia ambayo kanisa lao bado linaitumia kwenye ibada, mzizi huohuo, aqaba, ni kulinda, kutunza. Kulikuwa na cheo kikubwa kabisa cha kanisa huko kinaitwa aqabe saat, mlinzi wa saa. Maandishi ya kale ya Yemen nayo yanautumia hivyohivyo. Ukifikiria unaona njia, anayetembea kisigino kwa kisigino nyuma yako anaweza akawa anakuvizia au anakulinda mgongo. Na kwa mzazi aliyeshika mtoto mchanga mkononi, kati ya "Mungu amlinde" na "huyu ataniibia", wewe mwenyewe unajua ipi inamtoka mdomoni.

Ile ya "atakayekuja baada" ina mashiko kwa upande wa mumeo. Kwenye Quran, sura Hud aya ya 71, mke wa Ibrahim anapewa bishara ya Is-haka, na baada ya Is-haka, Yaaqub. Yaani anatajwa kabla hajazaliwa, kama habari njema ya mjukuu. Wengi hapo wanasikia ule mzizi wa kufuata ukilia. Na kwenu nyie si ndio hivyo, mjukuu anakuja nyuma ya babu yake.

Ndege dume ni kwale. Kamusi za zamani za Kiarabu zina neno yaaqub kwa maana ya kwale dume, ila wenyewe wanasarufi wa Kiarabu waliliweka jina la nabii kwenye kundi la majina ya kigeni, hawakulitoa kwenye kwale. Hiyo achana nayo, labda umcheke nayo mtoto akishakua.

Sasa mama yako na hoja ya Mungu kubadilisha jina. Kweli, Mwanzo 32, usiku kucha anapigana mweleka kwenye kivuko cha Yaboki, alfajiri anaambiwa hutaitwa tena Yakobo, utaitwa Israeli. Ila asiishie hapo, asome mbele. Abramu alipobadilishwa kuwa Abrahamu hakurudi tena nyuma, huyu anaendelea kuitwa Yakobo mpaka anazeeka. Sura ya 46, yuko njiani kwenda Misri kumwona Yusufu, Mungu anamwita usiku, na anamwita Yakobo, Yakobo, mara mbili. Na pale kwenye kichaka kinachowaka Mungu anajitambulisha kwa Musa kama nani? Mungu wa Ibrahimu, Mungu wa Isaka na Mungu wa Yakobo. Jina la aibu halikai hapo. Mwambie mama kwa upole, yeye Biblia anaijua ataelewa haraka kuliko dadako.

Na hili la jina huumba nisikudanganye, najua watu wanaliamini kwa dhati na sikuombi ugombane nalo. Ila kama mnalishika basi mshike mtu mzima mzima. Yakobo naye alizungukwa, katumikia miaka 7 kwa Labani apewe Raheli, asubuhi anaamka kumbe ni Lea, akatumikia 7 mingine. Kwenye Quran ndio kabisa, hadithi ya kisigino haimo, habari ya kupora baraka haimo, jina lake limetajwa mara 16 na kote ni nabii. Huyu ndiye aliyeletewa kanzu ya Yusufu ina damu ya uongo akasema subira njema, akalia mpaka macho yakawa meupe, na kuelekea mwisho wa sura Yusuf kanzu nyingine ya Yusufu inawekwa usoni pake anaona tena. Kwenye familia ya mumeo mtu akisikia Yakubu anachokiona ni yule mzee anayemlilia mwanae. Ndio maana mumeo aliwaka, sio kwamba hajui kusoma skrinshoti.

Tukianza kuchuja majina kwa njia ya dadako hatubaki na mtu. Paulo ni mdogo, Klaudia limetoka kwenye kilema, Raheli ni kondoo jike, Debora nyuki, Yona njiwa. Mbona tunaishi nao vizuri tu. Wamarekani waliliweka Jacob namba moja kwa watoto wa kiume toka 1999 mpaka 2012, mwaka hadi mwaka, na sidhani kama nchi nzima ilikuwa inaombea matapeli. Ethiopia walikuwa na mfalme Zara Yaqob, 1434 mpaka 1468, jina lake linatafsiriwa mbegu ya Yakobo. Mwanafalsafa al-Kindi aliitwa Yaaqub. Nigeria imeongozwa na Yakubu Gowon, 1966 hadi 1975, na yeye ni Mkristo, kwahiyo hata lile la kusema Yakubu ni la Waislamu tu na Yakobo ni la Wakristo tu halisimami.

Rafiki yako wa kazini muombe radhi, yuko sahihi. Kigiriki kilisema Iakobos, Kilatini Iacobus, baadaye watu mitaani wakawa wanatamka Iacomus, b imegeuka m, na kutoka hapo Waitalia wakapata Giacomo, Wafaransa wa kale wakapata James na Waingereza wakalichukua. Huku Jacques, Yakov, Jakob zikaenda njia nyingine. Wahispania walisema Sant Iago, mtakatifu Yakobo, likaungana likawa Santiago, ndio mji mkuu wa Chile. Kuna utani wa historia hapo, Waingereza walimwacha babu wa Agano la Kale akawa Jacob na mitume wa Agano Jipya wakawa James, watu wao wengi wakaona ni majina mawili. Biblia yetu ya Kiswahili haikuwagawa, wote Yakobo, na ule Waraka wa Yakobo wenzetu wanauita wa James.

Ila kwa hali yenu James usiweke. Mumeo anataka kusikia jina la baba yake likiitwa ndani ya nyumba, na ukimwita mtoto James hatalisikia hata ukimpa somo zima la Kilatini. Jacob nalo nakuelewa, tamu kulitamka, lakini hapo pia unamnyima nusu. Mimi ningeandika Yakubu kwenye cheti, kama alivyoandikwa mzee, na ukitaka Jacob likawa la kumwitia chumbani hakuna wa kukukataza. Mama yako ataita Yakobo na mtoto ataitika, watoto huitika kwa bibi yao vyovyote.

Nije kwa mumeo sasa, maana sijamsahau. Kwenye jina ana haki, kwenye namna alivyolileta hana. "Halina mjadala" haambiwi mwanamke aliyebeba mtoto miezi nane. Na nikisoma barua yako naona kama jina wala hukulichukia, kilichokukaa rohoni ni kutangaziwa, halafu skrinshoti ikakupa pa kusemea. Kama nakosea utanisamehe. Kaa naye, simu zote mbili mziweke mbali, uanze kwa kumwambia jina la baba umelikubali na unampenda mzee, hilo litamshusha pumzi. Halafu hapohapo umwambie jina la kati utalitoa wewe, kutoka upande wenu, na hilo yeye ndiye atakayekuja kulipokea bila kuhoji. Usianze na kisigino wala Waamori, mtaanza upya.

Dadako usimjibu kwenye grupu. Mpigie. Mwambie tumeamua, na lile neno aliloliona ni la Esau, sura ya 27, asome mwenyewe. Akiendelea muulize kama yuko tayari kumwambia mumeo ana kwa ana kwamba marehemu baba yake alikuwa na jina la kitapeli, utaona anavyobadilisha mada.

Na tahajia mkae muiamue kabla ya uchungu kukukuta, Yakubu au Yakub au Yaqub au Yaakub, mchague moja, muiandike kwenye karatasi herufi kwa herufi na mwende nayo siku ya kumsajili, kwasababu karani akiletewa kwa sikio tu anaandika anavyojua yeye, halafu shule wanaandika vingine, pasipoti vingine, na kuja kuzifanya zifanane baadaye ni safari za ofisini zisizoisha. Ukijifungua salama nijulishe.

Anti